Mtu wa Bima Aliyetunga Mashairi

Msidhani kila mtunzi wa mashairi hana kazi nyingine. Ted Kooser wa Marekani, aliyezaliwa mwaka 1939 mjini Ames katika jimbo la Iowa, alifanya kazi katika makampuni ya bima ya maisha huko Nebraska miaka ipatayo 35. Aliamka kabla ya kukucha, akaandika, ndipo akaenda kazini. Shairi alimwonyesha karani wake wa kike. Asipolielewa, bwana alilitengeneza upya. (Laiti watungaji wote wangefanya hivyo!)

Mwaka 1998 alishikwa na kansa. Kwa sababu ya matibabu ya miali akakatazwa jua, basi akawa anatembea njiani gizani, kabla ya mapambazuko. Kuandika alikuwa karibu ameacha. Asubuhi moja, akitoka matembezini, akashangaa kuona ametunga tena. Akayabandika mashairi yake kwenye postikadi, akampelekea rafiki yake Jim Harrison, mtunzi mwenziwe. Yakatoka kitabuni mwaka 2000, mashairi 100.

Mwaka 2004 aliteuliwa Mshairi wa Taifa. Mwaka 2005 akapata tuzo ya Pulitzer. Mwaka huohuo akaanza kuyapelekea magazeti shairi moja kila juma, bure, hata magazeti ya miji midogo.