Kabla ya picha ya Rais ukutani: Sultani Barghash alivyoitumia kamera

Ingia ofisi ya serikali pale Same mjini, uwe umefuata kibali au cheti cha kuzaliwa, utaikuta picha ya Rais juu ukutani inakuangalia. Mchezo huu wa mtawala kujionyesha kwa picha una umri mkubwa kuliko nchi yenyewe.

Mwaka 1875 Sultani wa Zanzibar, Barghash bin Said, alisafiri hadi London. Hakwenda kutembea tu. Miaka miwili nyuma, Juni 1873, Waingereza walimbana kwa vitisho vya manowari mpaka akakubali kufunga soko la watumwa. Sasa alihitaji aonekane mfalme kamili, siyo mtu wa kuamrishwa.

Huko akapiga picha: kilemba kichwani, joho mwilini, washauri wake wamemzunguka. Hapo hakuna cha bahati mbaya. Nani kaketi, nani kasimama, yote yanasema nani mkubwa. Na kamera za wakati ule zilitaka utulie kabisa, ukitikisika tu picha imeharibika.

Enzi hizo picha za wakubwa zilibandikwa kwenye kadi ndogo za kuenea kiganjani, watu wakazinunua na kuzipanga kwenye albamu. Malkia Victoria aliruhusu za kwake ziuzwe tangu 1860. Barghash naye akajiweka kwenye kundi hilohilo.

Upare unaingiaje hapa? Misafara ya biashara kutoka Pangani kwenda Kilimanjaro ilipita chini ya milima hii, na Barghash alihesabu bara hiyo kuwa yake. Ila kwa watu wa huku hakutuma picha, alituma bendera. Mwaka 1885 Lloyd Mathews, mkuu wa jeshi lake, alikwenda na askari hadi Uchagani kuwataka machifu waikubali bendera nyekundu ya Sultani. Picha ilikuwa ya kuwaonyesha Wazungu.

Nao Wazungu hawakuitazama sana. Agosti 1885 manowari za Wajerumani zikatia nanga mbele ya kasri lake. Mwaka uliofuata Uingereza na Ujerumani zikakaa zenyewe, zikachora mstari kutoka mdomo wa Mto Umba kupitia Ziwa Jipe na kuizunguka Kilimanjaro. Upare ukaangukia upande wa Wajerumani. Sultani akaachiwa visiwa na ukanda wa pwani wenye upana wa maili 10.