Nge: Tazama Magando na Mkia, Usitishwe na Ukubwa

Nge mkubwa mweusi akionekana mlangoni, nyumba nzima huamka. Majirani huitwa, panga hutolewa, na kesho yake habari kijijini ni hiyo. Akionekana nge mdogo wa rangi ya majani makavu, mwembamba, hukanyagwa kwa kiatu na watu wakarudi kulala. Hofu yetu imekaa kinyume. Mara nyingi huyo mdogo ndiye mwenye sumu kali kuliko yule mkubwa. Mzazi asiyejua hilo anaweza kumbembeleza mtoto aliyeumwa mpaka kupambazuke, wakati alipaswa kuwa tayari njiani kuelekea hospitalini.

Makala haya yanakusudia kumsaidia mkaazi wa Kaunti ya Kilifi kumtambua nge anayemwona, kujua anapoishi, na kujua la kufanya mtu akiumwa.

Nge wote wana sumu. Hakuna nge asiye na mwiba, na hakuna wa kuchezewa. Lakini duniani kuna zaidi ya aina 2,500 za nge, na ni chache tu zenye sumu inayoweza kumuua binadamu. Karibu zote hizo hatari ni za familia moja, ambayo wataalamu huiita Buthidae. Mkaazi hahitaji darubini ili kumshuku nge wa familia hiyo. Atazame sehemu mbili: magando ya mbele na mkia wa nyuma.

Nge mwenye magando manene, mapana kama ya kaa, na mkia mwembamba, hutegemea nguvu za magando. Humkamata mende au jongoo, akambana na kumponda, na sumu huitumia kidogo. Nge mwenye magando membamba kama vijiti na mkia mnene hana nguvu za kumbana mtu yeyote. Chakula chake hukipata kwa sumu, kwa hivyo sumu yake ni kali. Huyu ndiye wa kukaa naye mbali.

Kanuni hii si mizani ya dukani. Haikuambii uzito kamili wa hatari, na kuna nge wanaokaa katikati. Lakini ni bora zaidi kuliko rangi, ambayo hubadilika kwa umri na hata kwa mchanga wa mahali nge anapoishi, na ni bora mno kuliko ukubwa. Ukiwa na shaka, yape magando uzito kuliko mkia: yakiwa membamba, mhesabu nge huyo kuwa wa hatari.

Tuanzie pwani yenyewe, ndani ya nyumba. Katika miji ya bandari ya nchi za joto kuna nge mmoja aliyesafiri dunia nzima ndani ya meli na mizigo, kwa jina la kitaalamu Isometrus maculatus. Ni wa manjano na kahawia, ana madoadoa meusi mwili mzima, magando yake ni marefu na membamba, na dume ana mkia mrefu mwembamba unaozidi mwili wake. Ni hodari wa kupanda kuta. Hukaa kwenye makuti, nyuma ya mbao, katika magunia na chini ya marundo ya makumbi ya nazi. Yeye ni wa familia ile ya hatari, ila kwake tuna bahati: kwa mtu mzima mwenye afya maumivu yake kwa kawaida hulingana na ya nyuki au nyigu, nayo hupoa. Tatizo ni kwamba gizani, saa nane ya usiku, si rahisi kumtofautisha na binamu zake wakali.

Binamu mmojawapo ni nge wa jenasi ya Babycurus, anayepatikana Kenya na Tanzania. Ana rangi ya kutu, mkia mnene unaokuwa mweusi kuelekea mwisho, na hupenda kujificha chini ya maganda ya miti na ndani ya magogo yaliyoanza kuoza. Kwa maneno mengine, anaweza kuingia jikoni akiwa amebebwa. Mama anayetua mzigo wa kuni kutoka kichwani na kuupanga ukutani huenda amemleta mgeni. Ni vyema kuni zirundikwe nje, mbali na ukuta wa nyumba, kila ukuni ugongwe chini kabla ya kuingizwa ndani, na mkono usipelekwe katikati ya rundo bila kuangalia.

Kwenye mawe hali ni nyingine. Wanaofanya kazi ya kukata matofali ya matumbawe katika matimbo, na wanaojenga kwa mawe hayo, wawe macho na nge bapa mwenye rangi ya giza inayong'aa, utadhani amepigwa pasi. Ni wa jenasi ya Iomachus. Ubapa huo ndio unaomwezesha kupenya katika nyufa ambamo hata sarafu haipiti kwa urahisi. Magando yake ni mapana na mkia wake ni mfupi na mwembamba. Anatisha kwa sura, lakini sumu yake ni hafifu.

Na yule mkubwa mweusi? Huyo ni wa ukoo wa Pandinus, nge wanaojulikana kwa ukubwa barani Afrika. Hapa Afrika Mashariki yuko mmoja mwenye magando mekundu, Pandinoides cavimanus, ambaye hufikia sentimita 10 na zaidi. Huchimba shimo ardhini, hukaa chini ya magogo au katika vichuguu vya mchwa, na mara nyingi tunamwona mvua zinapoanza na shimo lake kujaa maji. Akishikwa, hubana kwa magando kabla ya kutumia mwiba. Akiuma panauma, lakini si muuaji. Huyo ndiye anayekatwakatwa kwa panga.

Ukiiacha pwani na kuelekea bara, upande wa Ganze na sehemu za ndani za Magarini, nchi hukauka na minazi huwapisha mibuyu na vichaka vya miiba. Mazingira kama hayo, ya mchanga na ukame, ndiyo yanayopendwa na nge wa jenasi ya Parabuthus, na mkaazi wa huko anapaswa kuyajua maumbile yake kuliko ya mwingine yeyote. Mkia wake ni mnene mno, wakati mwingine mnene kuliko magando na miguu yake yote ikiwekwa pamoja. Rangi ni kuanzia manjano iliyopauka mpaka kahawia. Huchimba chini ya vichaka na kando ya mawe. Akichokozwa, husugua mwiba wake juu ya pingili za kwanza za mkia na kutoa sauti ya kukwaruza, kama mtu anayepiga msasa. Hiyo ni onyo, na ukiisikia rudi nyuma. Huko Afrika Kusini, nge wa jenasi hii wameua watu, hasa watoto, ndiyo maana nchi hiyo hutengeneza dawa maalumu ya kupambana na sumu yao. Aina za Kenya si zilezile, lakini ni ndugu wa damu, na mtoto aliyeumwa na nge wa namna hiyo asisubirishwe.

Wako pia wanaosingiziwa. Tandu, mwenye miguu mingi, huuma kwa kucha za sumu zilizo chini ya kichwa na uchungu wake waujua aliyeupata, lakini si nge. Yuko na mdudu mwenye manyoya anayekimbia kasi kufuata kivuli cha mtu, ana taya kubwa mbele na hana mkia kabisa. Wengi humwita nge. Huyo hana sumu, na hakufuati kwa ubaya. Anakimbilia kivuli chako kwa sababu ya jua.

Taa ya kukagulia noti

Kuna chombo kimoja ambacho wenye maduka wengi wanacho na hawajui kwamba kinafaa kwa nge: ile taa ndogo ya mwanga wa zambarau wanayokagulia noti bandia. Ngozi ya nge, chini ya mwanga huo, hung'aa rangi ya kijani kibichi kama kwamba ina taa ndani yake. Hata nge aliyekufa hung'aa. Asiyeng'aa ni yule aliyetoka kujivua gamba, mpaka gamba jipya likauke. Tochi za aina hiyo huuzwa pia peke yake. Zima taa za nyumba, subiri macho yazoee giza, kisha pitisha mwanga polepole chini ya vitanda, kwenye pembe za kuta, nyuma ya mtungi na chini ya mlango. Usiuelekeze mwanga huo machoni mwa mtu wala machoni mwako. Vaa viatu, na umwondoe nge kwa koleo au kwa fimbo ndefu, si kwa mkono. Ukiona jike amebeba watoto mgongoni, wanaweza kuwa makumi, na akipigwa hutawanyika chumba kizima. Mfunike kwanza kwa kopo, usukume karatasi ngumu chini yake, ndipo umtoe.

Dawa za kupulizia husaidia kidogo tu, kwa kuwa nge hujificha ndani ya ufa mchana kutwa na hutembea akiwa ameinua mwili juu ya miguu. Kuku hula nge, hilo ni kweli, lakini kuku hulala saa ileile nge anapoamka. Kinachofaa zaidi ni kuziba nyufa za ukuta, kuweka kitambaa au mpira chini ya mlango, kuondoa marundo ya mawe, vifuu na mabati karibu na nyumba, kuvuta kitanda mbali na ukuta, na kuchomeka chandarua chini ya godoro kila usiku. Anayelala chini kwenye mkeka ndiye aliye hatarini zaidi, na mara nyingi hao ni watoto. Sare ya shule na viatu vikung'utwe kabla ya kuvaliwa, na anayekwenda chooni usiku avae viatu na awe na tochi.

Mtu akiumwa

Mtulize na akae. Osha mahali palipoumwa kwa maji na sabuni. Vua pete, bangili na saa kabla mkono haujavimba. Weka kitambaa kilicholowekwa maji baridi, au barafu iliyofungwa ndani ya kitambaa. Paracetamol inaweza kutolewa kwa kipimo kilichoandikwa kwenye pakiti. Mtu mzima mara nyingi atasikia uchungu mkali, ganzi na kama sindano zinazochoma, na hali hiyo hupungua yenyewe kwa saa kadhaa au siku moja.

Usikate kwa wembe. Usinyonye. Usifunge kamba juu ya jeraha, usipake mafuta ya taa wala maji ya betri, na usibandike jiwe jeusi ukingojea livute sumu. Kila moja ya hayo hula muda, na baadhi huacha kidonda kibaya kuliko nge mwenyewe.

Mtoto mdogo apelekwe kituo cha afya mara moja, hata kama anaonekana mzima, maana sumu ileile kwa mwili mdogo ni nyingi. Vivyo hivyo mzee, mama mjamzito na mwenye ugonjwa wa moyo. Kwa mtu yeyote, dalili hizi zinamaanisha safari ya haraka: udenda unaotiririka, kutapika, jasho jingi, misuli inayorukaruka, macho yanayozunguka bila mpangilio, shida ya kumeza au kupumua, na mapigo ya moyo yasiyo ya kawaida. Mtoto mchanga hawezi kusema, kwa hiyo kilio kisichokoma na viungo vinavyotikisika vichukuliwe kama dalili.

Zahanati iliyo karibu ndiyo pa kuanzia. Hali ikihitaji, mgonjwa hupewa rufaa kwenda hospitali kubwa kama za Kilifi, Malindi au Mariakani. Jamaa wengine huomba adungwe dawa ya sumu ya nyoka. Dawa hiyo haifanyi kazi kwa sumu ya nge, na inaweza kumletea madhara bure, hivyo muuguzi akikataa kuitoa hakunyimi haki yako. Matibabu ya nge ni kutuliza maumivu, kulinda pumzi na moyo, na kumchunguza mgonjwa kwa karibu mpaka sumu iishe nguvu.

Usipoteze muda kumsaka nge aliyeuma. Akiwa bado yupo, piga picha kwa simu ukiwa mbali, magando na mkia vyote vionekane. Kama tayari ameuawa, mchukue kwa koleo, mtie ndani ya chupa yenye kifuniko na uende naye. Nge aliyekufa karibuni bado anaweza kudunga ukimshika vibaya.