Kijidudu Kilishacho Mmea na Kuutia Ugonjwa

Mkulima wa Kwimba au wa Magu akipita katika mtama wake baada ya mvua nyingi, akaona mistari myekundu juu ya majani, mara husema mbegu ilikuwa mbovu, na pengine huanza kung'oa. Twapenda kuwaeleza wazee wa vijiji, walimu na wakulima habari za kijidudu kimoja kiletacho mistari ya namna hiyo, kwa kuwa tabia yake ni ya ajabu: chaweza kuulisha mmea, tena chaweza kuutia ugonjwa.

Ng'oa kunde shambani ukatazame mizizi yake. Utaona vinundu vidogo, na ndani yake wamo bakteria, yaani vijidudu visivyoonekana kwa macho, ambao huchukua nitrojeni ya hewa na kuifanya chakula cha mmea. Karibu sehemu nne katika tano za hewa ni nitrojeni, lakini mmea hauwezi kuila kama ilivyo. Ndiyo sababu dengu, choroko na njugu mawe huweza kustawi penye udongo uliochoka. Mtama, mahindi, mpunga na miwa havina vinundu. Kwa hiyo katika luseni, udongo wetu wa kichanga uliolimwa miaka mingi, mahindi huwa manjano upesi, na mwenye kukosa samadi huvuna kidogo.

Hata hivyo wako bakteria wakaao ndani ya nyasi na nafaka zenyewe, katika mizizi, mashina na majani, bila ya kinundu chochote. Katika nchi ya Brazil, Bibi Johanna Döbereiner na wenzake waliwachunguza kwa miaka mingi, na mwaka 1986 kabila moja la bakteria hao likapewa jina la Herbaspirillum. Baadhi ya aina za miwa ya huko zilionekana kupata sehemu ya nitrojeni yao kutoka hewani. Mkulima asikie habari hiyo kwa kiasi: katika mahindi msaada huo ni mdogo, wala hauwezi kushika mahali pa samadi.

Sasa tazameni jambo lenyewe. Mwaka 1930, huko Louisiana katika Marekani, wataalamu Christopher na Edgerton walieleza ugonjwa wa miwa uletao mistari myembamba, myekundu yenye weupe, ikifuata urefu wa jani. Kijidudu chake kilihesabiwa katika kabila jingine kabisa. Ilipofika mwaka 1996 kilihamishwa, kikaitwa Herbaspirillum rubrisubalbicans. Na jina hilo la Kilatini lataja wekundu na weupe. Kumbe mgonjeshaji wa miwa ni ndugu wa mlishaji, naye pia hujua kuchukua nitrojeni ya hewa! Kwa mtama nako huweza kuleta mistari myekundu.

Tofauti haimo katika kijidudu peke yake. Katika muwa wa aina iitwayo B-4362, kijidudu hiki hujaa ndani ya mishipa ya maji, na jani likaonyesha mistari. Katika muwa wa aina ngumu, mmea hukizungushia utomvu kama ng'ombe aliyetiwa zizini, kikakaa pale pasipo kuenea. Kwa hiyo dawa iliyojulikana ni kuchagua aina ihimiliyo ugonjwa, wala si kupulizia sumu. Mwenye kupanda miwa bondeni, Ukerewe au Sengerema, asikate pando katika shina lenye mistari ikiwa liko zuri karibu yake.

Lakini si kila wekundu ni wa kijidudu hiki. Mtama una desturi ya kugeuka mwekundu au zambarau po pote ulipojeruhiwa, na mdudu, na kuvu, hata na msuguano. Mahindi yaliyokosa nitrojeni huanza umanjano katika majani ya chini, kutoka ncha na kushuka katikati ya jani. Vistari vyeupe vilivyokatika-katika juu ya majani machanga ya mahindi mara nyingi ni virusi vichukuliwavyo na panzi wadogo warukao. Na mmea ukidhoofika ilhali pana maua ya zambarau chini yake, tafuteni kiduha mizizini. Kila shida ina dawa yake, na anayeng'oa mtama wenye njaa ya samadi amepoteza chakula cha nyumba yake bure.

Basi mwenye shaka asing'oe kwanza. Na achukue majani matatu au manne, yale ambayo mistari yake ndiyo kwanza inaanza, ayafunge katika karatasi kavu, si katika mfuko wa nailoni kwani yataoza njiani, aandike aina ya mbegu na siku ya kupanda, kisha ampelekee Bwana Shamba wa kata, naye aweza kuyafikisha Ukiriguru kwa wachunguzi wa mimea.