Filamu ya Mtoto Hupimwa kwa Mtoto

Ili jicho lione mwendo usiokatika, filamu ya sinema huonyesha picha 24 kwa sekunde. Filamu ya dakika tatu tu, basi, yahitaji picha 4,320. Ikiwa ni ya kuchorwa, na kila mchoro ukapigwa picha mara mbili kama ilivyo desturi ya wachoraji wengi, itabidi kuandaa michoro 2,160. Yafaa tujiulize: mtengenezaji atajuaje, kabla ya kutoa jasho lote hilo, kwamba mtoto wa miaka minne atajifunza lililokusudiwa?

Mtu mzima hawezi kumjibia mtoto. Jambo hili lilidhihirika nchini Marekani mwaka 1969, wakati wa matayarisho ya kipindi cha Sesame Street. Mtafiti Edward Palmer alimketisha mtoto mbele ya televisheni, na kando yake akaweka mashine ya kuonyesha picha tuli zilizobadilika kila baada ya sekunde chache. Mtoto alipogeuza macho, iliandikwa. Wanasaikolojia walikuwa wameshauri kwamba wanasesere wa kuchezeshwa kwa mkono wasichanganywe na watu halisi, watoto wasije wakachanganyikiwa. Vipimo vikaonyesha kuwa sehemu za mtaani zenye watu peke yao ziliwachosha watoto. Ushauri ukaachwa, wanasesere wakaingia mtaani.

Hata hivyo, kutazama si kujifunza. Mtoto mdogo huhitaji kurudiwa, na kupewa nafasi ya kujibu. Kipindi cha Blue's Clues, kilichoanza mwaka 1996, kilirudiwa kilekile siku tano mfululizo. Watoto hawakukinai, bali walizidi kujibu maswali kwa sauti. Tena, swali lisiloeleweka halijibiki. Hapo ndipo ilipo thamani ya katuni za Kiswahili zilizoanza kurushwa mwaka 2014 na asasi ya Ubongo ya Dar es Salaam.

Wanafunzi waweza kuijaribu kanuni hii bila kamera. Chagueni jambo moja, mathalani kuhesabu hadi tano. Lichoreni katika karatasi kumi, mwaonyeshe watoto wa shule ya awali moja baada ya nyingine, mkinyamaza kidogo baada ya kila swali. Mmoja wenu atazame macho ya watoto, aandike ni karatasi ipi iliyowapoteza. Kesho yake wapeni mawe matano wayahesabu. Wakishindwa, kosa si lao: karatasi ndizo zinazopaswa kuchorwa upya, na karatasi kumi ni nafuu kuliko michoro 2,160.