William Slim: jenerali aliyeandika makosa yake mwenyewe

Bandugu, wengi wetu tuko na diploma ndani ya farde na kazi hakuna. Tunasema: bila mukubwa wa kukushika mkono, haufiki fasi. Leo niwaletee maisha ya William Slim, ofisa wa jeshi la Uingereza aliyeingia kwa mlango wa nyuma.

Alizaliwa Bristol mwaka 1891, akakulia Birmingham. Familia haikuwa na makuta ya kumlipia universite. Akafundisha shule ya msingi, kisha akawa karani wa kampuni ya chuma. Mwaka 1912 alijipenyeza katika kikosi cha mafunzo ya maofisa cha Universite ya Birmingham, na hakuwa hata mwanafunzi wa pale. Vita ilipoanza 1914, mafunzo hayo yakampa cheo cha luteni. Alijeruhiwa Gallipoli, tena Mesopotamia. Baadaye akaingia jeshi la India. Mshahara haukutosha, basi akaandika hadithi za magazeti kwa jina la bandia, Anthony Mills.

Machi 1942, kule Burma, alipewa kikosi ambacho Wajapani walikuwa tayari wanakipiga. Akakirudisha nyuma karibu kilomita 1,400 mpaka India. Kulikuwa kushindwa, na yeye hakukupa jina lingine. Oktoba 1943 akapewa Jeshi la 14.

Adui wa kwanza alikuwa ugonjwa. Kwa kila askari mmoja aliyeondolewa sababu ya majeraha, 120 waliondolewa sababu ya magonjwa, malaria mbele. Dawa ilikuwepo, mepakrini, lakini askari hawakuimeza. Slim akapimisha vikosi kwa kushtukiza: wenye dawa mwilini wasipofika 95 kwa mia, komanda anafukuzwa. Alifukuza watatu tu, wengine wakaelewa.

Hapa siye wa agronomia tusikilize vizuri. Barabara zilikuwa mbaya, chakula hakifiki. Akaamuru jeshi lilime mboga na kufuga bata nyuma ya uwanja wa vita. Na kikosi kikila nusu posho, ofisi yake pia inakula nusu posho.

Mwaka 1944 Wajapani walivunjika Imphal na Kohima. Mei 1945 Rangoon ikachukuliwa. Katika jeshi hilo walikuwemo Wahindi, Wagurkha, Waafrika wa Magharibi na Mashariki. Hata hospitali ya uwanjani ya Wakongo ilifuata divisheni ya Afrika Mashariki mpaka Burma. Babu zetu hawakuulizwa kama wanataka kutetea himaya ya wengine. Tukimsifu Slim, tusisahau hilo.

Alipanda mpaka fildmarshali, kisha gavana mkuu wa Australia, 1953 mpaka 1960. Alikufa 1970. Lakini kinachonigusa mimi si vyeo. Novemba 1940, mpakani mwa Sudani na Ethiopia, alikamata Gallabat, halafu akasita kuendelea. Baadaye aliandika waziwazi kwamba alisikiliza woga wake. Hakuna aliyemlazimisha.

Siye, mradi wa hekta mbili ukikufa, raporo inasema: mvua. Nami nimeandika hivyo, na mvua ilinyesha vizuri, mbegu ndiyo nilichelewesha. Mara ya mwisho umeandika "kosa ni langu" ni lini?