Vidoko: sauti za Wakanda katika midomo ya Durban

Msomaji wetu mmoja aliyehamia Durban kutoka Bukavu ametuandikia swali: ile lugha ya watu wa Wakanda katika filamu ya Black Panther, yenye milio kama ya uganga, ilibuniwa na nani? Anashangaa kwa sababu majirani zake wana milio hiyo hiyo, tena wanaitumia kupatana bei ya nyanya.

Wakanda ndiyo iliyobuniwa. Lugha ni Kixhosa, na aliyeiingiza ni mwigizaji John Kani, katika Captain America: Civil War ya 2016. Kizulu kinachosemwa Durban ni ndugu yake wa karibu. Wasemaji wa lugha hizi mbili husikilizana bila mkalimani. Zote mbili ni za Kibantu kama Kiswahili: kwa Kizulu mtu ni umuntu, watu ni abantu. Historia ya uhamaji wa Wabantu nawaachia wenye subira. Mimi nimenaswa na mlio.

Tuuite kidoko. Wapo wanaopenda kuandika kliki, lakini hiyo naiachia kompyuta. Kidoko tunacho tangu zamani, ingawa ki- yake inanikera kidogo: inamfanya mtu afikirie kitu hafifu, na hizi ni miongoni mwa konsonanti zenye kishindo kuliko zote, mara nyingine kuipita hata irabu inayofuata.

Kishindo hicho kinatoka wapi, ikiwa mapafu hayashiriki? Kusini-magharibi mwa Durban kuna mji uitwao Ixopo, na husimuliwa kwamba jina lake linaiga sauti ya mguu wa ng'ombe ukichomolewa matopeni. Aliyelibuni jina hilo alikuwa mwanafizikia. Kwato ikizama, tope huikumbatia pande zote na hewa haipiti. Ng'ombe anapoinua mguu, chini ya kwato panaanza kuwa na nafasi isiyo na cha kuijaza, na hewa kidogo iliyonaswa humo inatanuka, shinikizo lake linashuka. Tope linang'ang'ania. Ng'ombe anavuta. Hatimaye ukingo mmoja unaachia, hewa ya nje inaingia kwa kasi: xo!

Mdomoni ni hivyo hivyo. Nyuma ya ulimi inabana kaakaa laini, mbele na kingo zinabana ufizi. Katikati ya ulimi inashuka, shinikizo linaanguka, kisha sehemu moja inaachia. Ikiachia nyuma ya meno, ni c, ile ts-ts ya kusikitika. Ikiachia ubavuni, kama tope la Ixopo, ni x, ambayo wengi wetu tumeitumia kumhimiza punda. Ncha ya ulimi ikibanduka ghafla kutoka nyuma ya ufizi, ni q. Na kwa kuwa mapafu hayana kazi hapo, yako huru kufanya jambo jingine wakati huo huo: kupuliza mpumuo (ch), kuunguruma kooni (gc), kupitisha sauti puani (nc), au kuunganisha hayo mawili ya mwisho (ngc). Ukihesabu na kidoko kitupu (c), ni njia tano kwa mahali patatu: Kizulu kina vidoko 15. Hata muziki wa vitongoji vya Durban, gqom, jina lake linaanza kwa kidoko, na msanii wake Babes Wodumo alisikika katika albamu ya Black Panther ya 2018.

Uganga, basi, haupo? Upo kidogo. Wanguni, yaani Wazulu, Waxhosa na ndugu zao, walipata vidoko kwa kuishi na kuoana na majirani zao Wakhoe na Wasani, na wataalamu wengi wanaona kwamba hlonipha ilivisambaza. Kwa desturi hiyo, mke hatamki silabi za jina la baba mkwe. Tuseme anaitwa Majaliwa: hakuna “mali” wala “jana”, bibi harusi atafute maneno mengine, na sauti ya jirani ilikuwa karibu. Maneno ya heshima yakageuka maneno ya kila siku. Uganga mwingine ulikuwa mbali: kisiwani Mornington, Australia, wanaume wa Lardil waliopita jandoni walikuwa na Damin, lugha ya sherehe yenye vidoko, ambayo wazee walisema ilibuniwa na mhusika wa ngano. Nje ya Afrika hatujui nyingine.

Nina lalamiko moja kwa Hollywood. Ramani ya filamu inaiweka Wakanda Afrika Mashariki, na huku vidoko tunavyo: Wahadza kando ya Ziwa Eyasi, Wasandawe mkoani Dodoma, na Wadahalo wachache karibu na Lamu, majirani wa Waswahili wenyewe. Filamu ijayo na iongee Kisandawe. Nawe msomaji wa Durban, anza na c. Q itakuja baadaye, na majirani zako wa sokoni watakusahihisha bure.