Mwuza mchanga abishe mlango upi?

Wahenga walisema dawa ya deni ni kulipa. Ndugu yangu mdogo ameingoja dawa hiyo kwa miaka mitatu sasa.

Ndugu yangu ana lori moja kuukuu. Alipeleka mchanga na kokoto za Sh640,000 kwa mwanakandarasi aliyekuwa akijenga madarasa ya shule ya umma. Madarasa yalikamilika, yakafunguliwa kwa nderemo. Yeye hakulipwa hata senti. Kila alipomwendea mwanakandarasi alijibiwa kwamba serikali haijatoa fedha. La kuchoma moyo zaidi, bintiye, anayesomea katika madarasa yayo hayo, alirudishwa nyumbani muhula uliopita kwa kukosa karo.

Kwa hasira akaishtaki wizara mbele ya hakimu. Wakili wa serikali alileta pingamizi la awali: je, mlalamishi alikuwa na mkataba gani na wizara? Kesi ikatupwa, na gharama akatwikwa yeye.

Mimi ni mwalimu, si wakili, lakini siwezi kumlaumu hakimu. Mkataba huwafunga waliouweka tu. Wizara ilipatana na mwanakandarasi. Mwanakandarasi ndiye aliyepatana na ndugu yangu. Huyo ndiye wa kushtakiwa.

Baada ya hapo huja swali la mamlaka ya korti. Mwaka wa 1989, katika kesi ya meli Lillian S na kampuni ya mafuta ya Caltex, Mahakama ya Rufani ilishikilia kwamba korti isiyo na mamlaka haina budi kuiacha kesi papo hapo. Dai lisilozidi Sh1 milioni laweza kupelekwa Mahakama ya Madai Madogo, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka wa 2016 na inayotakiwa kuamua kesi kwa siku 60. Hakimu mkuu husikiza madai yasiyozidi Sh20 milioni. Yanayopita hapo ni ya Mahakama Kuu. Sheria humpa mdai wa mkataba miaka 6, kwa hivyo ndugu yangu hajachelewa.

Hata hivyo, asidhani kwamba aliyeiuzia serikali moja kwa moja ameneemeka. Akishinda kesi, hawezi kutuma madalali wakanadi magari ya wizara, kwani sheria inakataza. Hana budi kuchukua cheti cha hukumu, kisha arudi Mahakama Kuu kuomba amri ya kumlazimisha afisa anayehusika alipe.

Tangu mwaka wa 1935, Marekani humtaka mwanakandarasi wa kazi kubwa za serikali kuu aweke dhamana ya kuwalipa vibarua na wauzaji wa vifaa. Asiyelipwa huidai dhamana hiyo katika korti ya serikali kuu ya mahali kazi ilipofanyiwa, kabla ya mwaka mmoja kupita. Kwetu, dhamana ya utekelezaji inayotakiwa na sheria ya ununuzi ya mwaka wa 2015 humlinda mnunuzi, yaani serikali. Mwuza mchanga hana wake.

Bunge na litunge sheria kama hiyo. Kwa sasa, nawasihi walimu wakuu na bodi za shule: kabla ya kutia sahihi kwamba jengo limekamilika, mwulizeni mwanakandarasi risiti za waliomletea mchanga. Huenda mtoto wa mmoja wao ameketi darasani mwenu.